Ufunguzi Mpya wa Kiberiti

"Hivi, mwenzangu, mumeo anaumwa moyo au anaumwa sataranji?"

Jirani aliuliza hivyo akiwa na kibanio cha nguo mdomoni, upande wa pili wa ukuta mfupi uliogawanya nyua mbili. Hakukusudia ubaya. Alikuwa mtu wa kusema lililomjia, na alipokwisha kusema akaendelea kuanika mashuka yake kana kwamba ameuliza saa. Lakini Mama Sindano alibaki amesimama na shati bichi mkononi, maji yakimchuruzika hadi kwenye kiwiko.

Aligeuka akamtazama mumewe. Alikuwa ameketi kwenye kigoda karibu na mlango wa jiko, mikono mapajani, anaangalia sisimizi wakivuta ganda la karanga. Amekaa vile tangu alipokunywa chai. Mtu aliyeendesha malori ya mizigo mpaka akastaafu, leo kazi yake ni kusimamia sisimizi.

Watu walimwita Kiberiti, na jina hilo hakulipata barabarani. Alilipata katika chumba cha nyuma cha kinyozi, ambako wanaume wa mtaa hukutana jioni kucheza sataranji kwenye benchi refu, katikati ya harufu ya poda na spiriti. Kiberiti alicheza kama alivyoitwa. Akipewa kete nyeupe, askari aliye mbele ya mfalme anatoka hatua mbili. Askari wa pili yake naye anafuata, anatolewa kafara bila hata kuagwa. Malkia anatoka mbio. Nusu ya mchezo anaicheza amesimama. Akishinda, mtaa mzima unajua. Akishindwa, pia.

Jioni moja, alipokuwa akicheza na muuza nyama wa pale kona, yule waliyezoea kumwita Bucha, alitoa ngome kafara, akatoa na farasi, akasimama, akanyoosha kidole na kupaza sauti, "Umekwisha!" Kisha akaanguka yeye.

Mungu alimrudisha. Daktari alisema moyo umepata mshtuko lakini utatulia kwa dawa. Atembee, asinyanyue vitu vizito, asipandwe na hasira. "Na sataranji?" Mama Sindano aliuliza. Daktari akatabasamu. "Akicheza kama watu wengine, haina neno. Akicheza kama mnavyonieleza, basi aache."

Mama Sindano alisikia neno moja tu, lile la mwisho. Jioni waliyorudi kutoka hospitali aliuchukua ubao na mfuko wa kete, akavifukia chini ya majora ya vitambaa katika chumba chake cha kushonea. Mumewe hakuuliza. Hilo ndilo lililopaswa kumshtua, lakini wakati ule alilishukuru.

Sasa, miezi baadaye, kila asubuhi alimfunga mkononi kile kitambaa cha kipimo cha presha, na kila asubuhi namba zilikuwa zinapanda badala ya kushuka. Dawa anakunywa. Chumvi wamepunguza. Hagombani na mtu, hapazi sauti, hacheki. Chakula anakichokoa. Usiku anageuka kitandani kama mtu aliyelalia mawe.

"Hujanijibu," jirani alisema.

"Ngoja kwanza nijiulize mwenyewe," Mama Sindano akajibu, akalianika shati.

Jumamosi binti yao alikuja kuwasalimu pamoja na mumewe. Mkwe huyu alikuwa mwalimu wa hesabu, kijana mpole, mrefu, wa kuinama kidogo kila anapoingia mlangoni hata pale ambapo mlango hautamgonga. Alicheza sataranji vizuri. Wanafunzi wake walikuwa wakimletea vikombe shuleni. Mama Sindano alimwita kwenye chumba cha kushonea, akafunga mlango.

"Mwanangu, nikuulize jambo la kijinga."

"Kwako hakuna la kijinga, mama."

"Kuna namna ya kucheza sataranji bila kurukaruka?"

Mkwe alianza kucheka, kisha akamwona uso, akaacha. Mama Sindano aliinua jora la kwanza, la pili, la tatu, akatoa ubao. Mkwe akapanga kete juu ya meza ya kukatia.

"Baba anaamini lazima awahi katikati ya ubao kwa askari wake, apigane hapo hapo," alisema. "Na si vibaya, wengi wanacheza hivyo. Lakini kuna walioona njia nyingine. Walisema, katikati si lazima ukae wewe, inatosha uwe unapaona. Mwachie mwenzako ajaze askari wake pale. Wewe kaa pembeni, mtazame. Akishajitandaza, unaanza kumvuta kutoka ubavuni."

Alimtoa farasi mweupe wa upande wa mfalme. Akamsogeza askari mmoja mfupi, hatua moja tu, na kwenye nafasi aliyoiacha akamweka askofu. Kisha mfalme akahamia pembeni, nyuma ya ngome yake.

"Huyu amekaa hanamu, kama kitambaa kilichokatwa kwa mshazari," Mama Sindano alisema, akimgusa askofu kwa ncha ya kidole.

"Hanamu kabisa. Yupo barazani kwake lakini anaona mpaka kona ile ya mwisho."

"Halafu?"

"Halafu inategemea. Hapa baba anaweza kumpiga mtu kwa mkono wa kulia, anaweza kwa wa kushoto, anaweza kusubiri. Anaweza hata kuanza na askari kabla ya farasi, na bado akaingia nyumba ile ile kwa mlango mwingine. Hajajifunga."

Mama Sindano alitazama ubao kwa muda mrefu. Mchezo hakuujua sana, lakini jambo la kutojifunga alilijua. Kila siku alikuwa akipiga bandi, ule mshono mrefu uliolegea ambao fundi anashikiza nguo nao ili mteja aivae kwanza, aonekane anabanwa wapi, ndipo mshono wa kweli upite.

"Basi," alisema, "tumshonee baba yako. Lakini kwa bandi."

Kazi ya kumshawishi Kiberiti haikuwa ndogo. Alipouona ubao mezani macho yalimng'aa, na alipoelezwa masharti yakazimika.

"Nimwachie katikati? Mimi niwe mgeni kwenye ubao wangu mwenyewe?"

"Baba, si kumwachia kabisa, ni kumkopesha," mkwe alisema kwa adabu.

"Bucha nimkopeshe? Bucha huyu anayepima nyama pamoja na kidole chake?"

Binti yao alicheka mpaka akaweka kikombe chini. "Baba, jaribu. Ukiona haifai, rudi kusimamia sisimizi."

Kiberiti alimtazama binti yake, akamtazama mkewe, akavuta kiti. "Panga."

Tangu siku ile mkwe alikuwa anapita kila atokapo kazini. Walicheza kwenye meza ya kukatia, Mama Sindano akiwa kwenye cherehani yake, mguu unakanyaga, sikio liko kwao. Kiberiti alilalamika kama mtu aliyevalishwa viatu vya mwenzake. Farasi. Askari mfupi. Askofu barazani. Mfalme pembeni. "Huku ni kucheza au ni kupanga vyombo?" Lakini alikuwa anashinda. Alishinda leo, alishinda kesho, na alianza kula. Namba za asubuhi zikaanza kushuka. Mama Sindano alikuwa akizitazama, anafumba macho kidogo, na kusema moyoni, Mungu wangu, sikuombi awe bingwa, naomba tu arudi nyumbani kwa miguu yake.

Siku Kiberiti aliposema anataka kwenda kwa kinyozi, hakumkatalia. Alivaa gauni lake la heshima, akachukua mkoba, akamfuata.

"Shemeji!" Bucha alipaza sauti walipoingia. "Umemleta na uji wake?"

"Nimemleta na mimi mwenyewe," akajibu, akaketi kwenye kiti karibu na mlango, pale ambapo angemwona mumewe kifua, uso na mikono.

Kiberiti alipewa nyeupe. Farasi. Askari mfupi. Askofu. Bucha hakujaza askari katikati. Alimkamata askari wake wa ukingoni kabisa, upande ule ule wa askofu wa Kiberiti, akamtoa hatua mbili. Kiberiti hakumtazama. Mfalme pembeni, kama alivyozoea. Alikuwa anacheza kama mtu anayesoma sala asiyoielewa, midomo inakwenda na moyo haupo. Yule askari wa ukingoni akaja tena, akaja tena, akala, na nyuma yake uchochoro ukabaki wazi. Ngome nyeusi ikachungulia. Malkia mweusi akafuata.

"Hodi hapo pembeni," Bucha akasema. "Mwenye nyumba yupo?"

Wanaume wakacheka. Kiberiti akapiga benchi ngumi, kete zikaruka. Akasimama. Mama Sindano aliuona mkono wa mumewe ukipanda polepole kuelekea kifuani, na vidole vikishika shati.

Hakukumbuka alivuka vipi chumba kile. Alimshika kwapani, akamtoa nje, akamketisha kwenye ngazi ya duka la jirani, akampa kidonge chake chini ya ulimi, wakakaa. Watu walipita. Baada ya muda uso wa Kiberiti ulirudiwa na rangi yake.

"Imeshapita," alisema. "Usinitazame hivyo." Kisha, kwa sauti ndogo ambayo Mama Sindano hakuwahi kuisikia kwake, "Ukinificha ule ubao tena, mke wangu, sitakulaumu. Lakini nitakufa nikiwa mzima."

Walirudi nyumbani polepole, Mama Sindano ameshika kiwiko cha mumewe, na njia nzima roho yake ilikuwa juu juu. Akiuficha, atanyauka. Asipouficha, siku moja kidonge hakitawahi. Alipofika aliingia chumba cha kushonea, akasimama mbele ya majora yale, akayagusa, kisha akaondoa mkono. Akaamua kutazama kwanza.

Mkwe alipokuja, Mama Sindano hakukanyaga cherehani. Alijifanya anashona vifungo vya koti, lakini macho yake yalikuwa kwenye mikono ya yule kijana. Mikono haisemi uongo kama midomo. Aliona mkono wa mkwe ukienda kwa askari wa ukingoni, ukamgusa kichwa, ukasita. Mkwe akainua macho, akamtazama baba mkwe wake usoni. Mkono ukahamia kwingine, ukamsogeza farasi mahali pa kijinga, na Kiberiti akamla.

"Umeona? Hapa kwangu huponi!" Kiberiti alisema.

Mama Sindano aliuma uzi ukakatika.

Alimsindikiza mkwe hadi getini. Wakiwa wamesimama pale alimwuliza, "Umekuwa ukimwachia ashinde tangu lini?"

Kijana aliinama zaidi ya kawaida yake. "Mama..."

"Tangu lini?"

"Tangu siku ya kwanza," akasema. "Sasa mama, nitampigaje baba mkwe mezani kwake? Nimekula hapa, nimeoa hapa. Na ana moyo. Nilisema acha azoee, afurahi."

"Amezoea kucheza na mtu asiyekuwepo," Mama Sindano alisema, bila ukali. "Huko nje hakuna mkwe. Mwanangu, nguo inajaribiwa mwilini, haijaribiwi kwenye msumari. Ukiendelea kumwonea haya ubaoni, utanisaidia kumzika."

"Na moyo wake ukishtuka?"

"Ukishtuka, ushtuke hapa, mimi nikiwepo. Kesho mpige."

Usiku ule aliomba kwa muda mrefu, maana alijua amesema maneno makubwa kuliko kifua chake.

Kesho yake mkwe alikaa kwenye kiti kama mtu anayengoja kung'olewa jino. Kiberiti akatoa farasi, askari mfupi, askofu. Mkwe akavuta pumzi, akamtoa askari wa ukingoni hatua mbili. Kiberiti akapeleka mkono kwa mfalme.

"Baba," mkwe alisema, "ukimpeleka huko nitakupiga."

"Wewe?"

"Mimi, baba."

Kiberiti akacheka, akampeleka. Mkwe akampiga. Ilikuwa haraka, na haikuwa na huruma. Mfalme mweupe alifia kwenye kona yake mwenyewe. Cherehani ilikuwa imenyamaza zamani. Mama Sindano alikuwa na kidonge kiganjani, amekikamata hadi kimeanza kulowa.

Kiberiti alitazama ubao. Masikio yalimbadilika rangi. Alimtazama mkwe wake, ambaye alikuwa anatafuta pa kuficha mikono.

"Kumbe ulikuwa unanibeba," alisema. "Siku zote hizi. Mgongoni, kama mtoto."

"Nisamehe, baba."

Kiberiti alisimama. Mama Sindano naye akasimama. Mumewe akaenda kwenye mtungi, akajichotea maji, akanywa yote taratibu, akafuta mdomo kwa mkono. Kisha mabega yakaanza kumtikisika, na ilichukua muda kidogo kabla mkewe hajaelewa kwamba anacheka.

"Na mimi nilivyokuwa najigamba! Nimemwambia mpaka muuza magazeti!" Akarudi, akaketi. "Haya, bwana mwalimu. Ukija na huyo askari wako wa pembeni, nifanye nini?"

"Usiharakishe kumficha mfalme," mkwe akasema, na kwa mara ya kwanza alikaa wima. "Yeye anapoteza muda ukingoni, basi hapo ndipo uchukue katikati. Hukuwa umeapa kutoikanyaga. Uliiacha kwa kuwa alikuwa anaitaka."

"Na akiijaza?"

"Unachagua. Umvute kulia au kushoto. Akisukuma mbele askari wake wa mbele ya malkia, ametuachia hanamu yote wazi kwa askofu wetu."

"Na akija na askofu wake kumbana farasi wangu?"

"Unamwuliza kwa askari mdogo: unakula au unarudi?"

"Ahaa. Namwuliza tu. Sigombani."

"Hugombani, baba."

Wakaendelea. Mkwe alimpiga tena, na tena, na siku zilizofuata pia, na kila alipopigwa Kiberiti aliuliza wapi, akarudisha kete, akajaribu mlango mwingine. Mara aanze na askari, mara na farasi. Alianza kumtazama mwenzake kabla ya kutazama kete zake. Alianza kukaa. Ikafika jioni moja akamshinda mkwe kwa haki, na wote watatu walijua ni kwa haki, maana kijana alikuwa anatokwa jasho la pua. Asubuhi yake Mama Sindano alitazama namba za kipimo, akakifungua kile kitambaa mkononi mwa mumewe, akashusha pumzi ambayo nadhani alikuwa ameishikilia tangu hospitali.

"Vipi?" Kiberiti aliuliza.

"Nenda kwa kinyozi," akamwambia.

"Utakuja?"

"Nitakuja."

Bucha alikuwa amekwishapanga kete. "Kiberiti kilicholowa hicho kimekuja! Shemeji, kaa karibu, leo usipate taabu ya kukimbia."

"Bucha, ongea na kete," Kiberiti alisema, akavuta benchi, akaketi vizuri, makalio yote mawili.

Farasi. Bucha akamtoa askari wa mbele ya malkia hatua mbili. Kiberiti akamtazama usoni, akasogeza askari mfupi. Askofu barazani. Bucha, kwa kuwa wenzake walikuwa wanatazama na alitaka waone, safari hii alijaza katikati: askari watatu weusi bega kwa bega, na farasi nyuma yao analinda. "Huyo amelala," akasema. "Nimejenga ghorofa, yeye bado anafagia uwanja." Kiberiti akamhamisha mfalme pembeni. Akamwuliza yule askari wa katikati kwa askari wa kushoto. Bucha hakutaka kubadilishana, akamsukuma askari wake mbele, kwa majivuno, akamgongesha mezani.

Mama Sindano, kutoka mlangoni, aliiona hanamu ikifunguka.

Kiberiti akatoa askari mwingine wa kushoto, hatua mbili, pole pole, kana kwamba anamsogezea mgeni kikombe. Bucha hakumla, akamlinda askari wake kwa mwingine wa nyuma. Yule mdogo akapiga hatua moja zaidi, akamkanyaga farasi mweusi kidole. Farasi akahama, akaenda kukaa ukingoni. Na alipohama, askari mmoja wa lile ghorofa akabaki bila mlinzi. Farasi mweupe akaruka, akamla, na nyuma yake askofu akabaki ana njia nyeupe toka kona hadi kona, mpaka kwenye ngome ya Bucha.

Bucha aliinama juu ya ubao, akaweka mikono miwili kichwani.

"Ngoja," akasema. "Ngoja, ngoja. Huyu askofu alikuwa hapa muda wote?"

"Tangu ulipokuwa unajenga," Kiberiti akajibu. Hakusimama. Hakunyoosha kidole. Aliegemea ukuta, akakunja miguu, akamwomba kinyozi amfungulie dirisha kidogo upepo uingie, na akaanza kumweleza jirani yake wa benchi habari ya gari fulani lililowahi kumkatikia breki mlimani, kwa sauti ya mtu ambaye ana jioni nzima mbele yake.

Hapo ndipo Mama Sindano alipogundua kwamba kwa muda mrefu hakuwa amekitazama kifua cha mumewe. Alikuwa anatazama mchezo. Alijisikia mwepesi ghafla, akakumbuka kwamba ana koti la mtu halijatiwa vifungo, na kwamba jua bado lipo. Akasimama, akakung'uta gauni lake, akaweka mkoba begani.

"Shemeji, vipi?" Bucha aliinua kichwa kutoka kwenye mikono yake. "Unaenda wapi, mchezo haujaisha?"

Kiberiti naye akageuka, akamtazama mkewe. Mama Sindano akamtazama yeye, mara moja tu, kisha akasukuma mlango, akashika njia ya nyumbani.